Sikumtemea Mtu, Nilipiga Chafya

Najua umeshaiona ile video, usinifiche. Ina sekunde 11, na chini yake shosti wangu ameandika, "Mgeni wangu akimtemea mama mkwe tango." Kufika leo asubuhi imenirudia mara tatu kutoka kwa watu wasiojua kwamba ni mimi. Mmoja kaniuliza kama namfahamu huyo dada mwenye mdomo.

Basi mwenzenu nimekuja kusahihisha jambo moja tu. Sikutema. Nilipiga chafya. Anayetema amekusudia, anayepiga chafya yamemkuta. Hayo mengine mliyosikia ni kweli, na kuna mengine hamjayasikia kwa sababu video inakatika kabla ya sehemu mbaya.

Shosti kahamia nyumba mpya, akataka tukutane watu kama 20 hivi kuifurahia. Kila mtu akapangiwa chake: huyu vinywaji, yule viti, yule muziki. Mimi kwa kiherehere nikadandia vitafunwa vya kufungulia kinywa. "Vya aina gani?" akaniuliza. Nikamjibu, "Vya kistaarabu." Ningesema karanga, leo ningekuwa mtu huru.

Kichwani nilikuwa na picha moja niliyoiona nikiwa nimelala kitandani saa tano usiku, saa ambayo binadamu hatakiwi kuamua chochote. Vikombe vidogo vya tango, ganda limemenywa mistari mistari, ndani yake saladi ya Kigiriki iliyokatwa ndogo kama shanga: nyanya, zeituni nyeusi, kitunguu chekundu, jibini la feta, na juu kabisa jani moja la mnanaa. Mtu anachukua kimoja kwa vidole viwili, anatia kinywani, anafumba macho kidogo, kwisha. Wafaransa vitu vya namna hiyo wanaviita amuse-bouche, yaani cha kufurahisha kinywa. Hilo neno kinywa liwekeni akiba.

Maelekezo yalisema kila kipande kiwe na urefu wa sentimita 2.5. Unakisimamisha, unachota mbegu kwa kijiko kidogo, unaacha kitako. Ukisoma, rahisi. Tango la kwanza lilinipa vipande kumi na vyote kumi nikavitoboa. Havikuwa vikombe tena, vilikuwa bangili. Cha sita nilikiinua usawa wa jicho nikaliona jiko lote kupitia humo, mpaka na saa ya ukutani ikinikumbusha kuwa muda unakwenda.

Mwenye akili angechota taratibu. Mimi nikaongeza urefu. Sentimita 3, nikatoboa. Sentimita 4, afadhali. Sentimita 5, kitako kikabaki kinene kama soli ya kiatu, na hapo nikajipongeza kwa sauti. Matango mawili kati ya saba yalikuwa yamekufa kwenye majaribio, matano yaliyobaki yakanipa vikombe 30 vilivyosimama wima kama askari wa gwaride.

Nilipima urefu kwa rula. Nilipima siki na mafuta ya zeituni, kijiko kimoja kwa vitatu, kama inavyotakiwa. Nilipima hadi vipande vya kitunguu visipishane. Kitu pekee ambacho sikupima ni mdomo wa mtu.

Haya, kosa la pili. Kufika saa nne asubuhi vyote vilikuwa vimejazwa, vimetiwa chumvi, vimemwagiwa siki na mafuta, sinia liko ndani ya friji. Sherehe saa kumi. Nikaenda kujilaza, roho kwatu.

Wale wa jikoni mmeshaanza kucheka, nawasikia. Tango ni maji kama asilimia 95, nyanya nayo haiko mbali, na chumvi kazi yake ni kuyaita hayo maji yatoke nje. Feta nayo imetoka kwenye maji ya chumvi, inajua njia. Ilitakiwa nyanya nizitoe mbegu, vikombe vitupu nivipindue juu ya karatasi za jikoni vijichuje robo saa, kisha chumvi isubiri hadi wageni wako mlangoni. Mimi niliipa saa sita ifanye itakavyo.

Nilipofungua friji, sinia lilikuwa ziwa. Sitanii. Vikombe vimesimama katikati ya maji ya rangi ya waridi, viwili vimelala chali, jani la mnanaa linaelea pembeni kama mtumbwi uliotelekezwa. Nikainamisha sinia kwenye sinki huku nimezuia kwa kiganja, maji yakaenda, na zeituni kadhaa zikaenda nayo, ndugu zangu, bila kuaga. Vilivyobaki vilikuwa vimesinyaa juu. Ile saladi ya shanga ilikuwa imejikunyata ndani ya tango kama mtu aliyenyeshewa.

Nikaona niifiche aibu. Nikachukua kinu cha pilipili manga nikasaga juu, nikasaga, nikasaga, mpaka feta ikawa ya kijivu. Kwa mbali ilionekana kama nimekusudia. Hii pilipili nayo iwekeni akiba, pamoja na kinywa.

Sasa nyumbani kwa shosti. Nimeweka sinia mezani, watu wanalizunguka wakilisifia kwa mbali, hakuna anayegusa. Mama mkwe wake kakaa kwenye kochi lililo karibu na meza, mama mtulivu, mkoba wa ngozi umelala mapajani. Nikampa shikamoo, akaitikia, akafungua mkoba, akatoa miwani, akaivaa ili aangalie vizuri. Mkoba akauacha wazi.

"Vizuri kweli," akasema. "Hivi vinaliwaje, mwanangu?"

"Unatia chote kwa pamoja, mama. Hukati. Ni tonge moja."

Akakitazama kikombe. Akanitazama mimi. Mtu mzima yule alikuwa ameshapiga hesabu ambayo mimi sikuipiga tangu asubuhi.

"Hebu nionyeshe."

Sebule ikanyamaza. Shosti akainua simu yake arekodi, anasema ni kumbukumbu ya nyumba mpya.

Nikachukua kimoja kwa vidole viwili, kama kwenye picha. Kilikuwa kinateleza kwa mafuta, nikaongeza cha tatu. Nikafungua mdomo kiasi cha kistaarabu. Hakikuingia. Nikafungua kiasi cha daktari wa meno. Kikaanza kuingia kwa kuinama, kitako mbele, nikakisukuma kwa kidole, na nusu yake ikapita meno. Hapo kikakwama.

Naomba niwaeleze kitaalamu, kwa sababu shosti kwenye simulizi yake hapa anaruka. Ili ukate kitu kwa meno lazima uwe na nafasi ya kufungua zaidi kisha ufunge. Mimi nafasi ya kufungua zaidi ilikuwa imekwisha. Taya lilikuwa mwisho wa reli. Meno ya mbele yalikuwa yamegusa ganda tu, yanateleza, na magego yako kule nyuma hayana taarifa. Nusu ya kikombe iko ndani imekalia ulimi, nusu iko nje, na ukingo wake, ule wenye saladi, umesimama chini kabisa ya matundu ya pua.

Kukitoa kwa mkono? Mbele ya watu 20 na kamera, baada ya kusema ni tonge moja? Nikaamua kutabasamu. Jaribuni wenyewe kutabasamu mkiwa na tango la sentimita 5. Yanayotabasamu ni masikio tu.

"Ni tamu?" mama akauliza.

Nikatikisa kichwa kukubali. Hiyo ilikuwa ishara kwa maji. Yale yaliyokuwa yamebaki chini ya kikombe, sikujua kama bado yapo, yakashuka kidevuni, yakaingia shingoni, yakapotelea ndani ya blauzi. Baridi ya friji. Macho yangu hayakupepesa. Nilikuwa shujaa.

"Na hiki cheupe ni nini?"

Jamani. Kati ya maswali yote ya duniani.

"Heha," nikajibu.

"Heha?"

"Heha." Nikaongeza kwa heshima, "Haha."

Hilo la pili lilikuwa jaribio langu la kusema mama. Akageuka kumuuliza mwanawe heha ni mboga gani. Mwanawe akasema huenda ni ya kigeni. Huku nyuma shosti simu inatetemeka mkononi kwa kucheka, ndiyo maana video ile imetikisika, msidhani ni tetemeko.

Wakati wote huo mimi napumua kwa pua. Mdomo umezibwa, hakuna njia nyingine. Na kila nikivuta hewa, navuta juu ya kile kilima cha pilipili manga nilichokisaga mwenyewe kwa mkono wangu. Kile kinachoifanya pilipili manga iwashe kinaitwa piperini, na pua haipendi utani nacho. Nikasikia mwasho mdogo upande wa kushoto. Nikaushikilia. Ukahamia katikati ya paji la uso. Macho yakaanza kulowa. Mama akadhani nimeguswa, akanishika mkono. "Pole, mwanangu," akasema, na akainama karibu zaidi.

Nilijua, wallahi. Kuna nusu sekunde ambayo mtu anajua na hana la kufanya. Nikajaribu kugeuza uso, lakini kanishika mkono, na kumpokonya mama mkono ni utovu wa adabu.

Kikatoka kizima.

Kwenye video hamuoni safari yake kwa sababu ni ya haraka, lakini mimi niliiona kwa utaratibu wote. Saladi ilitangulia, ikatawanyika kama pambo la harusi. Kikombe kikafuata nyuma yake, kinazunguka, kinang'aa kwa mafuta, kikapinda chini, na kikaingia ndani ya mkoba wazi wa mama bila kugusa kingo. Hata mlio hakikutoa. Ningeambiwa nirudie mara mia nisingeweza.

Video inaishia hapo. Sasa sehemu ambayo hamna.

Mama hakusogea. Kipande kimoja cha zeituni, duara kamili na tundu lake katikati, kilikuwa kimebandika kwenye kioo cha kulia cha miwani, sawasawa na mboni. Akawa ananitazama kupitia lile tundu. Akainua kidole polepole, akakibandua, akakisogeza mbele ya macho, akakichunguza.

"Ahaa," akasema. "Zeituni."

Maana alikuwa bado anataka kujua nilichotia ndani.

Kisha akavua miwani, akaipangusa kwa kitambaa, akaiweka ndani ya mkoba bila kuangalia, na akavuta zipu. Ziiip. Mpaka mwisho. Nikamtazama shosti. Shosti akanitazama. Katika nyumba nzima ni sisi wawili tuliojua kwamba mle ndani, pamoja na miwani na simu na funguo za mama wa watu, kuna tango limekaa.

Mnaniuliza kwa nini sikusema. Nyinyi mngesema nini? "Samahani mama, kuna kitu changu humo"?

Yaliyobaki mafupi. Nilifuta meza, nikaomba radhi kwa chafya, mama akasema kuumwa si dhambi na akaniagizia chai ya tangawizi, maskini, akidhani nina mafua. Vile vikombe 29 watu walivila kwa kisu na uma wakiwa wamekaa mezani, kama steki, na wawili walisema si vibaya. Niliondoka kabla ya keki. Saa tatu usiku mama alipokuwa mlangoni kwake akitafuta funguo gizani kwa kupapasa, alipapasa. Alimpigia mwanawe, mwanawe akampa simu shosti, na shosti, badala ya kunitetea, akatafuta video akaituma akisema ni ushahidi. Kutoka hapo mnajua ilikofika. Mkoba umepelekwa kwa fundi wa ngozi, kuhusu doa la mafuta. Gharama nimelipa. Mama hana kinyongo, isipokuwa ananiita Heha.

Leo wametuma orodha ya sherehe ijayo, nani alete nini. Nimeitafuta sehemu yangu mpaka chini kabisa. Nimepangiwa barafu. Vipande vidogo, kaandika.