Mgeni asiyekunywa naye apewe hippocras

Septemba iliyopita nilialika watu kumi nyumbani kwangu, hapa Dodoma, kwa mlo wa jioni nilioupika kwa kufuata mapishi ya Ulaya ya Zama za Kati. Nimekuwa nikiyasoma mapishi hayo kwa miaka kadhaa, na nilitaka watu ninaowapenda waonje nilichokuwa nikiwasimulia. Kati ya hao kumi, wanne hawatumii kileo: shangazi yangu aliyetoka Tanga, ambaye ni Muislamu, shemeji yangu mlokole, jirani yangu aliyekuwa na mimba ya miezi saba, na rafiki yangu aliyeacha pombe baada ya kuteseka nayo.

Mlo wa namna hiyo hufungwa kwa hippocras. Ni divai iliyotiwa viungo na sukari, ikachujwa, ikaletwa mezani mwishoni kabisa pamoja na kaki nyembamba. Kunyimwa hippocras ni kama kualikwa harusini ukaondoka kabla pilau haijapakuliwa. Nikajiuliza: hawa wanne niwape nini?

Jibu lililozoeleka ni soda. Nimehudhuria sherehe nyingi ambako wanaokunywa waliandaliwa vinywaji vya kuchagua na kulinganisha, na wasiokunywa wakaonyeshwa kreti pembeni. Sikubaliani na jambo hilo hata kidogo. Mtu ameacha kileo, hakuacha ulimi wake. Mgeni asiyekunywa anastahili kitu kilichofikiriwa na kuhangaikiwa, chenye harufu ileile inayozunguka meza, na anastahili pia kuambiwa ukweli juu ya kilichomo kikombeni.

Hilo la ukweli nalitilia mkazo kwa sababu hippocras ina historia yake ya watu kujidanganya. Oktoba 29, 1663, Samuel Pepys, mtumishi wa serikali aliyeandika shajara yake London kila siku, alikwenda kwenye karamu ya Meya wa mji huo pale Guildhall. Alikuwa ameweka nadhiri ya kutokunywa mvinyo. Wenzake walipokunywa mvinyo, yeye akanywa hippocras, kisha akaandika kwamba kwa kadiri anavyoona haivunji nadhiri, kwa kuwa ni mchanganyiko tu wala si mvinyo. Akamalizia kwa kusema kwamba kama amekosea, Mungu amsamehe. Namwonea huruma, kwa sababu dhamiri yake inasikika ikimsuta katika maneno hayohayo. Hippocras ya siku hizo ilikuwa mvinyo, na viungo havikuipunguzia kitu.

Udanganyifu wa siku hizi umebadilika sura: "Chemsha tu, kileo chote kinaruka." Hapana. Jedwali la Wizara ya Kilimo ya Marekani linaonyesha kwamba chakula kilichotiwa kileo kikachemka taratibu kwa dakika 15 hubaki na asilimia 40 hivi ya kileo hicho. Nusu saa, asilimia 35. Saa nzima, asilimia 25. Hata baada ya saa mbili na nusu bado kuna asilimia 5. Mwenye kumpa shangazi yangu divai iliyochemshwa dakika kumi na kumwambia "imekwisha" anamfanyia jambo baya, awe amekusudia au hakukusudia. Na huyo rafiki yangu aliyeacha pombe, harufu ya divai ya moto peke yake inamrudisha mahali ambako hataki kurudi.

Kwa hiyo nilianza na juisi ya zabibu. Agosti na Septemba ni msimu wetu hapa Dodoma, na zabibu zipo hadi kando ya barabara. Jaribio la kwanza lilikuwa baya sana. Nilichukua juisi, nikatia kijiti cha mdalasini, karafuu tano na sukari, nikachemsha. Kilichotoka kilikuwa kitamu mno, kizito, kinanukia kama dawa ya meno, na baada ya mafunda mawili hukitaki tena. Wengi huishia hapo na kusema hippocras bila kileo haiwezekani. Mimi nikaona nirudi kwenye maandishi.

Pishi ninalolipenda linatoka katika kitabu cha Kifaransa cha mwaka 1393 hivi, Le Ménagier de Paris, ambacho bwana mmoja wa Paris alimwandikia mkewe kijana ili ajue kuendesha nyumba. Anaeleza unga wa hippocras: mdalasini kwa wingi, wakia moja ya tangawizi nyeupe iliyo nzuri, wakia moja ya zile mbegu kali za Afrika Magharibi ambazo Wazungu waliziita punje za peponi, na kungumanga kidogo pamoja na galangali, mzizi wa jamii ya tangawizi. Mdalasini, anasema, uchaguliwe kwa meno. Yaani utafune, uonje, ndipo ununue. Nilipousoma mstari huo nilimwona muuza viungo wa sokoni akikupa kipande uonje kabla hujatoa pesa.

Angalieni: karafuu haimo. Sisi watu wa pilau mkono huenda kwenye karafuu wenyewe, na ndiyo maana jaribio langu lilinukia dawa ya meno. Yako mapishi mengine ya wakati huo yanayoitia, lakini karafuu hiyo haikutoka Unguja wala Pemba. Ilitoka visiwa vya Maluku, mbali kabisa huko mashariki, na Zanzibar haikuwa na mashamba ya karafuu hadi karne ya 19. Katika pishi la Paris anayetawala ni mdalasini: karibu sehemu sita za mdalasini kwa moja ya tangawizi na moja ya zile mbegu kali.

Jambo la pili lililonifungua macho ni sukari. Yule bwana anaagiza nusu ratili ya sukari kwa kipimo cha mvinyo cha Paris kinachokaribia lita 2. Nikapiga hesabu: ni gramu 130 hivi kwa kila lita. Juisi ya zabibu zilizoiva ina gramu 150 na zaidi kwa lita, bila kuongezewa chochote. Utamu wa hippocras tayari umo ndani ya juisi! Mwenye kutia sukari juu yake anaharibu, kama nilivyoharibu mimi.

Tena hakuna popote anapoambiwa mtu achemshe. Unga na sukari vinakorogwa ndani ya divai, kisha vinachujwa. Hapa ndipo kazi ya kileo inapoonekana. Mafuta yenye harufu yaliyomo ndani ya mdalasini na tangawizi hayapendi maji, yanapenda kileo. Divai inayavuta ikiwa baridi, juisi haiwezi. Divai pia huunguza koo kidogo, na ina ule ukakasi unaokausha ulimi na kukufanya utake funda jingine. Ukiondoa kileo umeondoa mambo matatu: mvuto wa harufu, moto wa kooni na ukakasi. Kila moja lina dawa yake, ila usijaribu kuyatibu yote kwa kuongeza mdalasini.

Harufu inatibiwa kwa moto, na moto uwe wa viungo, si wa juisi. Ninatwanga mdalasini gramu 9, tangawizi kavu gramu 1.5, na gramu 1.5 nyingine za iliki na pilipili manga kwa pamoja, maana punje za peponi sizipati hapa. Ni ndugu wa iliki, na pilipili manga inaongeza ukali wake. Kungumanga nakwangua kidogo tu. Vitwangwe vipasuke, visiwe unga laini. Unga wa mdalasini ukikutana na maji hugeuka ute kama mlenda, ukaziba kitambaa na kukukalisha jikoni usiku kucha. Nilikaa. Viungo hivyo naviweka katika maji robo lita, nafunika sufuria vizuri, na kuviacha kwenye moto mdogo dakika 20. Kufunika ni lazima, maana harufu unayoisikia ikijaa nyumba ndiyo inayokosekana kikombeni.

Moto wa kooni unatoka kwa tangawizi na pilipili manga, na hapo hakuna cha kuongeza. Ukakasi ndio ulionisumbua zaidi. Niliupata kwenye chai ya rangi: kijiko kikubwa cha majani ya chai ndani ya yale maji ya viungo, dakika nne, kisha unachuja. Usizidishe muda, uchungu utakuja. Choya nayo niliijaribu, ina rangi nzuri sana, lakini inaleta uchachu wake mwenyewe na zabibu inapotea. Uchachu ukihitajika, wapishi wa Zama za Kati walikamua zabibu mbichi, na kwenye kichala chochote hazikosekani punje ambazo hazijaiva. Ndimu nusu inatosha kama huna.

Juisi yenyewe, lita 1, naipasha hadi nyuzi 80 hivi, isichemke, nachanganya na maji ya viungo, naiacha ipoe. Kisha inakuja hatua ambayo imekipa kinywaji hiki jina.

Hippocrates, tabibu wa Kigiriki wa kisiwa cha Kos, hakuwahi kuonja hippocras. Jina limetoka kwenye mfuko. Waganga wa Ulaya walikuwa na mfuko wa kitambaa wenye umbo la pia, mpana juu na mwembamba chini, walioutumia kuchujia dawa, wakauita mkono wa Hippocrates, kwa maana ya mkono wa nguo. Mtu yeyote aliyelelewa Pwani akiuona mchoro wake atacheka kwa furaha, kwa sababu anamjua ndugu yake: kifumbu, kile cha kusukwa tunachokamulia tui. Mimi kifumbu nilikitumia kama kishikio, ndani nikaweka kitambaa cha pamba kilichofuliwa bila sabuni yenye manukato. Kinywaji kinapita polepole. Mara ya kwanza kinatoka na ukungu, unakirudisha. Mara ya pili kinakuwa chekundu, unaona mwanga upande wa pili wa glasi. Usikamue. Kwenye nazi tunakamua kwa nguvu zote, hapa ukikamua umeharibu.

Wapo wanaotia maziwa kabla ya kuchuja, na ni desturi ya kale. Maziwa yanakatika kwa uchachu na kubeba vumbi lote la viungo, kinywaji kinang'aa ajabu. Nilijaribu, kikang'aa kweli, lakini maziwa yalimeza ukakasi wote niliouhangaikia kwa chai na kuondoka na nusu ya rangi. Nimeyaacha.

Kuna watakaoniambia kwamba nilichotengeneza si hippocras, ni kitu kingine. Hoja hiyo naiheshimu. Lakini naomba waangalie kusini kidogo, katika enzi hizohizo. Al-Andalus, Hispania ya Waislamu, imetuachia kitabu cha mapishi cha karne ya 13 chenye sura nzima ya vinywaji vinavyoitwa sharab: vya ukwaju, vya nanaa, vya komamanga, vya mizizi na viungo. Viungo vinafungwa kwenye kitambaa, vinachemshwa na sukari au asali hadi iwe rojo, kisha unachukua wakia moja na kuizimua kwa wakia tatu za maji ya moto. Na maji ya zabibu yalichemshwa hadi yakawa mazito kama asali ili yasichachuke. Waarabu waliita rubb, na Wahispania mpaka leo wanasema arrope. Kumbe kinywaji cha viungo kisicho na kileo si mabaki ya kinywaji cha kweli. Kilikuwepo, kina ufundi wake, kiliandikwa, na jina la jamaa yake tunalo midomoni kila siku tunapoagiza sharubati. Hippocras yangu ni mtoto wa nyumba zote mbili, na sioni sababu ya kumwonea aibu.

Jioni ile niliweka birika mbili mezani, zote nyekundu, na kila moja nikaifungia utepe wa rangi yake ili hata ukigeuza kichwa usikosee. Shangazi akashika kikombe, hakunywa.

"Mwanangu, hii ina mvinyo?"

"Haina, shangazi."

"Hata tone?"

"Hata tone. Ni zabibu, chai na viungo. Nimeipika mwenyewe tangu jana."

Akanusa, akasema mdalasini wake ni wa kuchagua. Nikamweleza habari za kuchagua kwa meno, akasema huyo bwana wa Paris alifundishwa na mama yake vizuri. Wale sita wanaokunywa nao waliomba kuonja birika la pili, na wawili hawakurudi kwenye la kwanza.

Ikipoa iweke kwenye friji, chupa safi, kizibo kimekaza, na iishe ndani ya siku tatu. Baada ya hapo ifungue uisikilize: ikitoa sauti ya gesi na kuwa na vipovu kwenye shingo ya chupa, imeanza kuchacha, na haiwezi tena kuwekwa kwenye birika la shangazi.