Kitabu Kigonjwa, au Nchi Iliyougua? Achebe Dhidi ya Armah

Chinua Achebe, mwandishi mashuhuri wa Nigeria, hakuwa mtu wa kurusha maneno ovyo. Ndiyo maana hukumu aliyoitoa mwanzoni mwa miaka ya 1970 juu ya The Beautyful Ones Are Not Yet Born, riwaya ya kwanza ya Ayi Kwei Armah wa Ghana, imemwandama mwandishi huyo hadi leo. Alisema ni kitabu kigonjwa, tena ugonjwa wenyewe si wa Ghana. Ni ule wa mwanadamu kwa jumla, uliookotwa Ulaya kwa wale wanaoona maisha hayana maana, kisha ukabandikwa jina la nchi ya Kiafrika. Kipaji cha Armah alikikubali. Alichokikataa ni jicho lake.

Kwa asiyeisoma riwaya hiyo ya 1968, au aliyeisoma zamani katika tafsiri ya Abdilatif Abdalla, Wema Hawajazaliwa, kisa chenyewe ni chepesi. Karani wa reli asiyetajwa jina anaishi siku za mwisho za utawala wa Kwame Nkrumah. Hali rushwa. Mfanyabiashara wa mbao anamletea pesa ili magogo yake yapate behewa. Anazikataa, na nyumbani mkewe, Oyo, na mama mkwe wanamwona bwege. Rafiki yake wa shule, Koomson, ni waziri anayenukia manukato. Yanapotokea mapinduzi ya Februari 1966, waziri huyo anakimbilia kwa karani na kuponea kwenye tundu la choo. Katikati ya hayo yote, uchafu: mate, makohozi, kinyesi, na kishikio cha ngazi za ofisini kilichoganda utando wa mikono ya miaka mingi.

Nianze na upande wa Achebe, maana una nguvu kuliko mashabiki wa Armah wanavyokubali. Armah alizaliwa Takoradi mwaka 1939, akasoma Achimota, na mwaka 1959 akaenda Marekani: kwanza shule ya Groton, kisha Harvard. Alipitia Algeria, akarudi kwao 1964, akaondoka tena 1967. Ghana ya Nkrumah aliiishi utu uzimani kwa miaka michache tu, tena ile ya mwisho na michungu. Kitabu kinamsikitikia Nkrumah wa mwanzo, lakini kazi za mikono yake hakizioni. Bandari ya Tema ilifunguliwa 1962. Bwawa la Akosombo lilizinduliwa Januari 1966, mwezi mmoja kabla ya wanajeshi kuchukua nchi. Unaweza kusema bwawa halimfuti mla rushwa, na ni kweli. Ila nchi inayojenga bwawa na kuiba kwa wakati mmoja ni nchi tata kuliko ile inayooza tu.

Zaidi ya bwawa, kuna mgomo. Septemba 1961 wafanyakazi wa reli na bandari wa Sekondi-Takoradi waliweka zana chini kwa siku 17, wakipinga bajeti iliyowakata mishahara kwa akiba ya lazima. Viongozi wao walitiwa kizuizini. Hawa ndio wenzake karani wetu, katika mji wa kuzaliwa kwa mwandishi. Lakini riwayani karani hana mwenzi wa kusimama naye ila yule anayeitwa Mwalimu, ambaye amejifungia ndani na kukata tamaa. Hapo Achebe amegonga penyewe. Mtu mwadilifu asiye na jina, asiye na chama, asiye na hata jirani wa kunong'ona naye, ni kiumbe cha riwaya za mtindo fulani zaidi kuliko cha karakana za Takoradi.

Ila Achebe na wengi waliomfuata waliuelekeza mshale kwenye uchafu, na hapo ndipo ninapoachana nao. Hata Ama Ata Aidoo, Mghana mwenzake Armah, aliyeuthamini uandishi wake, alilalamika kwamba uvundo unagongomelewa kila ukurasa hadi unachosha. Kuchosha unachosha, zipo kurasa ambazo mhariri jasiri angezipunguza. Lakini uchafu huu una mwenyewe. Oyo anamfananisha mumewe na chichidodo, ndege anayechukia kinyesi kwa moyo wote ilhali chakula chake ni funza wanaozaliwa humo humo. Mke anataka kumdhihaki mumewe, na msomaji anabaki kujiuliza ndege huyo ni nani hasa: yule asiyegusa kitu, au jamii nzima inayolaani rushwa mchana na kuisubiri jioni? Na Koomson anapopenya tundu la choo, kilicholiwa na kilichotoka vinakutana mahali pamoja. Sioni falsafa ya Ulaya hapo, naona hesabu ya serikali.

Tukitafuta asili ya mawazo yake, Frantz Fanon, mwanafikra wa Martinique aliyeandika juu ya ukoloni, yuko karibu kuliko wale Wazungu wa Achebe wanaoona maisha hayana maana. Armah alimsoma Fanon kwa kina na kuandika makala juu yake mwaka 1969. Fanon ndiye aliyeonya kwamba baada ya uhuru litazuka tabaka la wenyeji lisilozalisha kitu, kazi yake kukalia viti vya mkoloni. Koomson ni mtoto halali wa onyo hilo.

Mwisho wa kitabu nao unamtetea mwandishi. Nkrumah ameshapinduliwa, watu wamebadili nyimbo, na polisi kwenye kizuizi cha barabarani anapokea chochote kutoka kwa dereva wa basi kama jana. Hayo yalichapishwa wanajeshi wakiwa bado madarakani. Miaka ya 1970, chini ya utawala wa kijeshi wa Acheampong, Waghana walitunga neno lao wenyewe, kalabule, kwa ulanguzi uliotapakaa wakati huo.

Halafu kuna Abdilatif. Alifungwa Kenya kuanzia 1969 hadi 1972 kwa waraka wa kuikosoa serikali, Kenya: Twendapi?, na katikati ya muongo huo akaitia riwaya hii katika Kiswahili. Msomaji wa Nairobi hakuhitaji kuelezwa Koomson ni nani. Mtetezi wa Achebe atadakia: basi, kama inamfaa Mkenya, si ya Ghana! Hoja nzuri, lakini haitoshi. Kinachoziunganisha Accra na Nairobi za wakati ule si hali ya mwanadamu tangu Adamu. Ni miaka kumi hivi ya historia yenye tarehe na wahusika.

Armah mwenyewe alihamia Dar es Salaam mwaka 1970, akafundisha Chang'ombe, akajifunza Kiswahili; baadaye akapendekeza kiwe lugha ya bara zima (huku akiendelea kuandika kwa Kiingereza, lakini tumwachie hilo). Akiwa huko alitoa Two Thousand Seasons, iliyochapishwa Nairobi 1973. Karani mpweke ametoweka. Anayesimulia sasa ni "sisi", umma mzima ukikumbuka miaka elfu ya kuvamiwa. Wahakiki wengi waliona mgonjwa amepona. Mimi naona dawa ilimdhuru. Waarabu humo ni wawindaji, Wazungu ni waharibifu, na mwovu wa ndani huwa kibaraka tu. Kwa msomaji wa Lamu au Zanzibar, ambako mtumwa na bwana wamo katika ukoo mmoja, picha hiyo ni nyembamba mno. Utumwa ule ulikuwa mbaya kiasi kwamba hauhitaji kurahisishwa. Kile kioo kikali cha 1968, kilichotulazimisha kujitazama wenyewe, hapa kimegeuziwa wageni.

Kilichokosekana pande zote mbili nakipata katika The Healers ya 1978, inayosimulia kuanguka kwa Kumasi, mji mkuu wa dola ya Asante, mbele ya Waingereza mwaka 1874. Humo watu wana majina na ardhi ina ramani. Wapo waganga wanaofanya kazi pamoja bila kutaka cheo, na jemadari Asamoa Nkwanta anasalitiwa na makao ya kifalme yanayoona heri vita vishindwe kuliko kiti kuyumba. Mzungu hasamehewi, na mwenyeji haponi. Achebe alidai Ghana iliyo Ghana kweli. Humo imo, na uozo wake umo vilevile.