Mwenye kisiwa mmempeleka wapi?

Kuna video inazunguka kwenye magrupu ya WhatsApp. Inasema Kilwa ilikuwa pori tupu mpaka Waajemi walipofika na majahazi saba wakajenga mji. Chini yake watu wanatukanana. Wengine wanashangilia kwamba asili yetu ndiyo hiyo, wengine wanasema ni uongo mtupu, Tarikh ya Kilwa, kile kitabu cha kale cha historia ya mji, itupwe. Nimekasirika kwa sababu pande zote mbili zinagombania kitabu ambacho, kwa wanavyokitaja, hakuna aliyekifungua.

Kitabu hicho kipo. Kilitungwa kwa Kiarabu mwanzoni mwa karne ya 16, Wareno wakiwa wameshaivamia Kilwa mwaka 1505, na nakala tuliyonayo ilinakiliwa Unguja mwaka 1877, sasa iko London. Mreno João de Barros naye alichapisha habari hizo kwa namna yake mwaka 1552. Kwa hiyo anayesimulia ni mtu wa Kilwa iliyokwisha kuporwa, anaeleza mambo ya mamia ya miaka kabla hajazaliwa.

Anaanza na ndoto. Sultani wa Shirazi, huko Uajemi, anaota panya mwenye pua ya chuma akitafuna ukuta wa mji. Anatambua kuwa mji utaangamia, anawachukua wanawe sita, wanatweka kwa majahazi saba, na kila jahazi linatia nanga mahali pake, pakiwemo Mombasa, Pemba, Nzwani huko Komoro, na Kilwa. Video inaishia hapo. Kitabu hakiishii hapo.

Ali bin al-Hasan, mmoja wa wana hao, anaposhuka Kilwa anamkuta Mwislamu anaishi na watu wake, na msikiti upo. Huyo ndiye anayekuwa mkalimani wake. Anamwambia kisiwa kina mwenyewe, mfalme asiye Mwislamu aitwaye Almuli, ambaye amevuka bara kuwinda. Mfalme anarudi, mgeni anaomba kununua, na bei inatajwa: nguo za kutosha kukizunguka kisiwa chote. Ali anatafuta nguo, nyeupe, nyeusi, na za kila rangi, zinatandazwa kuzunguka kisiwa. Almuli anachukua mali yake, anavuka bara.

Soma hapo tena, taratibu. Mwandishi wa tarikh alitaka kuthibitisha haki ya ukoo wa watawala. Angeweza kuandika vita. Watawala wengi wa zama zile walijisifu kwa upanga, na hakuna aliyewalaumu. Yeye alichagua mauziano, kwa sababu mji wake uliishi kwa bei. Dhahabu ya Sofala, bandari ya kusini katika Msumbiji ya leo, ilipita mikononi mwa watu wa Kilwa, na nguo na shanga ndizo zilizoivuta. Hata uzi ulisokotwa pale pale: wachimbaji wa mambo ya kale wamefukua vigae vya mviringo vilivyotobolewa katikati, vya kusokotea. Watu wa namna hiyo wakiulizwa "mlikipataje kisiwa?" watajibu kwa doti za nguo. Na ukishasema umenunua, huna budi kumtaja aliyekuuzia. Ndiyo maana Almuli yumo. Kumfuta ni kuichana hati ya mauzo na kubaki na jina la mnunuzi.

Tena mwandishi hakumaliza kwa raha. Anasema Almuli alikusudia kurudi na jeshi, maana wakati ule maji yakikupwa mtu alivuka kwa miguu. Ali akachimba mkondo ili bahari iwatenge. Leo unapanda boti Kilwa Masoko, upande wa bara, kwenda Kisiwani. Mimi nikiusoma ukurasa huo naona mji unaokumbuka kwamba jirani yake wa bara hakuridhika na biashara ile.

Kilwa haikuwa pori. Machimbo aliyoyaongoza mwanaakiolojia Neville Chittick yalionyesha watu wakiishi pale tangu karne ya 9, katika nyumba za miti na udongo, kabla ya misikiti ya mawe ya matumbawe. Msafiri wa Morocco, Ibn Battuta, alipofika mwaka 1331 aliandika kwamba wengi wa wenyeji ni watu weusi sana wenye chale usoni.

Nawakubalia kitu kimoja wale wanaoshangilia, ingawa moyo unagoma: Uajemi haukubuniwa. Utafiti wa vinasaba uliotolewa mwaka 2023, kutokana na mifupa ya makaburi ya miji ya pwani kama Manda na Mtwapa, umeonyesha kwa wengi wao asili ya Kiajemi upande wa akina baba, na mchanganyiko kuanza kama mwaka 1000. Lakini umalizeni utafiti huo huo. Upande wa akina mama karibu wote ni Afrika.

Na hapo ndipo namlaumu mwandishi wetu aliyeandika kwa Kiarabu. Amehesabu baba na wana, majahazi na nguo, lakini mama wa mji hakumpa nafasi. Barros anasema mama yake Ali alikuwa mtumwa wa Kihabeshi, na ndugu zake walimdharau kwa hilo. Masimulizi ya Kiswahili ya Kilwa, yaliyoandikwa enzi za Wajerumani, yanamtaja mwenyeji kwa jina la Mrimba: mgeni anamuoa binti yake, nguo zinatandazwa, na mtoto wa ndoa ile ndiye anayerithi utawala. Kwa masimulizi hayo, haki ya kutawala Kilwa imepita kwa mwanamke wa hapa hapa.

Atakayeirusha tena ile video kwenye grupu langu nitamtumia ukurasa wa nguo na habari za binti Mrimba, na nitamwomba avisome vyote kabla hajanijibu.