Muvi za kuchezeana akili, usimtukane mtafsiri

Kuna watu nikiwaambia Wamongolia wanapenda sana muvi za kisaikolojia za nje wananicheka, maana mtu akisikia Mongolia anawaza farasi na nyika basi. Wakati karibu nusu ya watu wa nchi ile, ambao wote wako kama milioni 3.5 hivi, wanaishi mji mmoja tu, Ulaanbaatar, na usiku wa Januari pale baridi inashuka mpaka chini ya nyuzi -30. Sasa hapo utaenda wapi, si unakaa ndani na muvi.

Ila mi naona baridi ni sababu ndogo, ishu ni lugha. Muvi ya ngumi hata ukizima sauti unaelewa, stelingi anapiga watu, jambazi anakufa, mnaenda kulala. Hizi za kisaikolojia mume anamwambia mke "mlango niliufunga mimi" na muvi nzima iko hapo, ukiikosa hiyo umeliwa. Ndo maana wenyewe wakitafuta mtandaoni wanaongezea "mongol heleer", yaani kwa Kimongolia.

Nilivyokuwa nasoma Beijing nilikaa chumba kimoja na dada wa Ulaanbaatar, mgonjwa kabisa wa hizi muvi, anakunywa chai yake ya maziwa yenye chumvi (nilijaribu, hapana jamani) huku sauti ya mwanaume mmoja, mtafsiri wa Kimongolia, inasemea watu wote, mume, mke, mtoto, muuaji, na sauti za wenyewe zinasikika chini kwa chini. Nikamkumbuka Lufufu wetu, yule aliyekuwa anatutafsiria muvi za nje kwa Kiswahili, ila huyu Mmongolia hana mbwembwe wala utani, anaongea kama anasoma taarifa ya habari, na mi naona hapo ndo utamu ulipo maana muuaji na anayeuliwa wana sauti moja, huwezi kumbaini mtu kwa sauti, unabaki kumshuku kila mtu.

Siku moja tunaangalia ya Kimarekani, mwishoni kabisa baba anamnong'oneza binti yake maneno matatu ya Kiingereza, mtafsiri kimya. Dada akarudisha nyuma mara tatu, kimya. Akanigeukia. Mi Kiingereza nilikisikia vizuri tu, nikamwambia kwa Kichina changu cha kuungaunga, kasema "mama hakuondoka".

Akaweka kikombe chini, akaanza muvi upya, saa saba ile usiku na kesho yake tuna mtihani.