GTA: tuanzie 1984 au 2001?

Mpwa wangu anayesoma Kampala aliniandikia: "Mjomba, nataka kuzimaliza GTA zote kabla ya ile ya sita kutoka. Nimezipanga kwa miaka ya hadithi." GTA ni Grand Theft Auto, yale magemu ya uhalifu ya kampuni ya Rockstar. Akatuma na picha ya ukurasa wa daftari. London 1961, London 1969, Vice City Stories 1984, Vice City 1986, San Andreas 1992, GTA ya kwanza 1997, Liberty City Stories 1998, Advance 2000, GTA III 2001, GTA IV 2008, Chinatown Wars 2009, GTA V 2013. GTA 2 ameiweka pembeni na alama ya kuuliza, na hapo simlaumu, kwa sababu gemu lenyewe halijui liko mwaka gani.

Nilimjibu achane karatasi. Baadaye usiku nikajiona nimekuwa mkali bure, maana ile orodha ina hoja.

Kwanza niseme nimetokea wapi. Sisi wa Busia tulicheza GTA kwenye kibanda cha gemu, chumba kimoja cha mabati karibu na mpaka, televisheni tatu, pedi zimefungwa kwa waya zisiibiwe. Mpangilio tulioujua ulikuwa wa CD zilizokuwepo siku hiyo. Memori kadi ilikuwa moja, mali ya mwenye kibanda, na alikuwa akiifungia kwenye droo kama cheti cha ndoa. Kwa hiyo mimi nimemwona CJ, yule unayemcheza kwenye San Andreas, akirudi Los Santos kwa ndege kumzika mama yake, nimemwona afande Tenpenny akimnyang'anya pesa njiani, halafu umeme umekatika. Kesho yake CJ anarudi tena, Tenpenny anamnyang'anya tena. Mwaka mzima. Mwisho wa San Andreas niliuona nikiwa mtu mzima, kwenye kompyuta, tena kwa msaada wa HESOYAM, ile namba ya siri inayokupa afya, fulana ya risasi na dola 250,000. Kwa hiyo mtu asinione nimekuja hapa kama padri wa mpangilio safi.

Sasa, hoja ya kufuata miaka ya hadithi. (Mpwa wangu, kama unasoma, ruka aya tatu. Wengine, haya mambo yana zaidi ya miaka 15, hakuna siri tena.)

Hoja kubwa kuliko zote inaitwa Salvatore Leone. Mwaka 1992, kwenye San Andreas, ni bosi wa mafia anayetaka kasino Las Venturas, na CJ anamfanyia kazi chafu hadi kupanda ndege kwenda kumuulia adui Liberty City, kisha CJ huyohuyo anageuka na kuiba kasino. Mwaka 1998, kwenye Liberty City Stories, Toni Cipriani anamtumikia mpaka mzee anashika mji. Mwaka 2001, kwenye GTA III, mzee amekuwa na wasiwasi na kila mtu, anajaribu kumuua kijana wake mwenyewe, na kijana huyo, Claude, ambaye ndiye wewe mchezaji, anamuua yeye kwanza. Ukifuata miaka, unapata maisha ya mtu mmoja: anavyopanda, anavyotawala, anavyoanza kuogopa kivuli chake. Sisi tuliofuata tarehe za kutoka tulimuua 2001 bila hata kumfahamu, halafu miaka mitatu baadaye tukamkuta hai na afya yake, anavuta sigara. Hii si njia nzuri ya kumjua mtu.

Hali ni hiyohiyo kwa ndugu wawili, Vic na Lance Vance. Vice City inaanza bandarini usiku, biashara ya unga inaharibika, Vic anapigwa risasi. Ukiwa hujamjua, ni maiti tu ya dakika za mwanzo. Lakini ukitoka Vice City Stories, ambako umekaa naye gemu zima, umemwona anajiunga na jeshi kwa ajili ya familia na kuingizwa kwenye unga na watu wengine, ile dakika inauma. Halafu kuna Phil Cassidy. Kwenye GTA III ni askari mstaafu mwenye mkono mmoja, anauza silaha, na kila mchezaji anajua moyoni kwamba mkono ulibaki vitani. Vice City inakuonyesha ulivyopotea: pombe ya kutengeneza nyumbani ilimlipukia. Nilipoiona mara ya kwanza nilicheka hadi nikakohoa. Watu wa Uganda hawahitaji kuelezwa hilo, kila mtaa una mzee wake wa waragi mwenye kovu na hadithi ya vita.

Na miaka yenyewe haikuwekwa kama pambo. San Andreas ilibidi iwe 1992, kwa sababu inamalizika na askari mwovu kuachiwa na mahakama na mji kuwaka moto, kama Los Angeles ilivyowaka mwaka huohuo baada ya askari waliompiga Rodney King kuachiwa. Vice City ilibidi iwe 1986, Miami ya kokeini na taa za neoni. Kwangu mwaka huo una maana nyingine kabisa, ndio NRA, jeshi la Museveni, ilipoingia Kampala, na bado siwezi kuicheza Vice City bila kuwaza kwamba Tommy Vercetti, unayemcheza humo, anatoka gerezani baada ya miaka 15 wakati kwetu watu wanatoka mafichoni. Hilo ni langu mwenyewe, halihusiani na Rockstar.

Kwa hiyo mpwa wangu yuko sahihi? Hapana, si kwa mtu anayeanza. Nitaeleza.

Hizi hadithi hazikuandikwa kwenda mbele. Ziliandikwa kwa kurudi nyuma. GTA III ilitoka Oktoba 2001 na ilikuwa ya mwaka 2001. Baada ya hapo wakarudi 1986 (mwaka 2002), wakaenda 1992 (mwaka 2004), wakaenda 1998 (mwaka 2005), wakarudi hadi 1984 (mwaka 2006). Kila gemu jipya liliandikwa na mtu anayejua kwamba wewe umeshaona mwisho. Ni kama mzee anayeanza kusimulia kuanzia msibani: huyu tunayemzika, ngoja nikwambie alikuwa nani. Ukimlazimisha aanze na kuzaliwa, ataweza, lakini utapoteza sababu iliyomfanya afungue mdomo.

Mfano ulio wazi ni Catalina. GTA III inafungua na wizi wa benki: Catalina anampiga Claude risasi na kumwacha chini. Claude haongei neno lolote gemu zima. Miaka mitatu baadaye, San Andreas, CJ ana mpenzi mkali wa kutisha anayeitwa Catalina, na siku moja mpenzi huyo anamwambia amepata mwanamume mwingine. Kamera inageuka: Claude amesimama pale, kimya. Anashindwa mbio, anatoa hati ya gereji, haongei. Kwenye kile kibanda chetu watu walipiga kelele, mwenye kibanda akadhani kuna ugomvi. Kelele ile inawezekana tu kama umeshaicheza GTA III. Kwa orodha ya mpwa wangu, yule ni jamaa fulani aliyevaa jaketi.

Tena kuna jambo ambalo wapenzi wa orodha hizi hawalisemi. Ukifuata miaka ya hadithi, ufundi unarudi nyuma. Mwaka 1984 Vic anaweza kuogelea kidogo. Mwaka 1986 Tommy akigusa maji anakufa. Mwaka 1992 CJ anaogelea na kupiga mbizi. Mwaka 1998 Toni anazama, 2001 Claude anazama. Tommy ana simu ya mkononi mwaka 1986, Claude mwaka 2001 anatumia peja na simu za barabarani, wakati hata Uganda MTN ilikuwa imeshaingia tangu 1998. Liberty City ina pikipiki 1998, na kufika 2001 hakuna hata moja barabarani. Wanaoota Kampala bila boda boda waende wakaulize Liberty City walifanyaje. Ukicheza kwa tarehe za kutoka, kuanzia GTA III hadi San Andreas kila gemu linakupa kitu ambacho jana hukuwa nacho: ndege, pikipiki, maji, mwili unaonenepa ukila sana. Furaha ile ni nusu ya gemu, na kwa kufuata miaka ya hadithi unaiuza kwa bei ya kutupa.

Lakini kosa kubwa la ile karatasi ni lile ambalo halionekani: inachanganya dunia tatu kwenye mstari mmoja. Rockstar wenyewe wameshaeleza kwamba kuna dunia ya magemu ya kutazama kutoka juu (1997 hadi GTA 2, na London zote mbili), kuna dunia iliyoanza na GTA III, na kuna dunia iliyoanza na GTA IV. Majina ya miji, bidhaa na vituo vya redio yanaweza kuvuka, wahusika wakubwa hawavuki. Kwa hiyo hakuna kitu kama "baada ya Claude akaja Niko", yule wa GTA IV. Liberty City ya 2001 na ile ya 2008 ni miji miwili yenye jina moja, kama vile Busia ya kwetu na Busia ya Kenya, ila hapa hakuna hata mpaka wa kuvuka.

Hapa najua nitapigwa mawe. Kuna watu, na ni wengi, wanaotaka CJ aendelee kuishi. Wanakuonyesha kwamba kwenye GTA V Grove Street ipo, mtaa wa CJ, imeshikwa na genge la Ballas, na wakati wa misheni moja wanapita vijana watatu kwa baiskeli wanaofanana mno na CJ na wenzake. Wanakuonyesha Lazlow, mtangazaji wa redio aliyekuwepo tangu GTA III na bado yupo GTA V, sasa kwa sura na mwili. Hoja yao si ya kitoto. Lazlow kweli anavunja sheria, na waandishi wanajua wanachofanya wanapoweka baiskeli tatu mtaani. Mimi nasoma hivi: ni salamu kwa wachezaji wa zamani, kama msanii anayeingiza mdundo wa wimbo wake wa zamani ndani ya mpya. Huwezi kuchukua salamu ukaifanya cheti cha kuzaliwa. Zaidi ya hapo, mkoa mzima wa San Andreas wa 1992 una miji mitatu, na wa 2013 una Los Santos peke yake. San Fierro ilienda wapi?

Kuhusu dunia ya tatu sina mengi, kwa sababu huko ugomvi umekufa wenyewe. GTA IV ilitoka 2008 na ni ya 2008, Chinatown Wars 2009, GTA V 2013. Miaka ya hadithi na tarehe za kutoka zimeshikana mikono, chagua unavyotaka. Kinachovuruga ni GTA Online, iliyoanza Oktoba 2013 kabla ya mambo ya Michael, Franklin na Trevor, wale watatu wa GTA V, halafu ikaendelea kusogea na kalenda yetu, hadi 2021 tukamkuta Franklin ana kampuni yake. Mhusika wako amepitia yote hayo bila mvi hata moja.

Kuna na suala la mfukoni ambalo wataalamu wa orodha hulisahau. Vice City Stories, ambayo kwenye dunia ya pili ndiyo ya kwanza kwa miaka, ilitoka kwa PSP na PS2, mashine za gemu za Sony, na haikuletwa rasmi kwenye simu wala kompyuta. GTA III, Vice City na San Andreas zipo kwenye simu tangu zamani, na Liberty City Stories iliwafuata. Kwa kijana wa hosteli mwenye simu na bando la wiki, kuanza na 1984 maana yake ni kuanza kwa kutafuta mashine ya zamani madukani.

Nilichomwambia mpwa wangu hatimaye ni hiki: London zote na za 1997 ziache, au zionje kwa saa moja ujue babu alikuwa anafanana vipi. Cheza GTA III, Vice City, San Andreas kwa mfuatano huo, kisha Stories mbili kama utazipata, ndipo uende IV na V. Ya sita wametangaza itatoka 19 Novemba 2026, na Vice City yake si ya Tommy, kwa hiyo hakuna mtihani wa kuusomea. Ukishamaliza yote, chukua tena ile karatasi yako na urudie za dunia ya pili kwa miaka, ili umwone Salvatore akizeeka. Nafasi yake ni hapo, mara ya pili, na mara ya pili inaweza kuwa tamu kuliko ya kwanza.

Alisema "sawa mjomba" na hakunisikia. Jumapili akaniandikia kwamba ameanza na San Andreas kwa sababu ndiyo iliyokuwa tayari kwenye simu, na amefika Las Venturas. "Kuna mzee mmoja hapa wa kasino, Salvatore, ananipenda sana. Huyu ni mtu mzuri?"

Najua alama mbili za bluu zimeshawaka upande wake. Bado sijajibu.