Uingereza wanauza dawa za maumivu kwa pakiti, Dodoma tunauza kwa mkasi

Ukiingia supamaketi hapa Uingereza, parasetamoli utaikuta karibu na sabuni na dawa za meno, bei yake haifiki hata ya soda. Lakini pakiti ina vidonge 16 tu, na ukibeba pakiti tatu keshia anakuambia ya tatu irudishe. Pakiti ya 32 inapatikana famasi. Utaratibu huo ulianza 1998, baada ya watu wengi kumeza vidonge vingi kwa mpigo na kuharibika ini. Wabongo wengi huku wanauona usumbufu. Mimi nauunga mkono, ila kitu ambacho ningependa kifike Dodoma kwanza si kuhesabu pakiti, ni pakiti yenyewe.

Pale Majengo, Chang'ombe au Kizota mtu anaomba dawa ya kichwa na mgongo. Muuzaji anachukua mkasi, anakata vidonge huku na kule, anatia kwenye kibahasha cha kaki na kuandika 2x3. Jina la dawa limebaki dukani, pamoja na tarehe ya kuisha muda na onyo kwa mjamzito. Simlaumu muuzaji, maana mteja ana mia tano mkononi na pakiti nzima haiwezi. Lakini madhara mengi yanaanzia hapo.

Chukua hesabu hii. Mtu mzima mwenye afya asizidishe gramu 4 za parasetamoli kwa saa 24, yaani vidonge 8 vya miligramu 500. Sasa ana Panadol anazotumia mbili kutwa mara tatu: gramu 3. Kiuno kinambana, anapewa na diklopa, moja kutwa mara tatu, bila kujua kwamba ndani yake mna diklofenaki, dawa nyingine ya maumivu, na parasetamoli miligramu 500. Imeongezeka gramu 1.5, jumla 4.5, na hapo bado hajameza dawa ya mafua, ambayo nyingi nazo zina parasetamoli. Mwembamba sana, mnywaji wa pombe au aliyekaa siku kadhaa bila kula anaweza kuumia hata chini ya kiwango hicho.

Ubaya wa ini ni kwamba halilalamiki mapema. Aliyezidisha anaweza kutapika kidogo, kesho yake akaonekana mzima, na ini likawa linaharibika. Dawa ya kuliokoa ipo, inaitwa asetilisisteini, na inafanya kazi vizuri zaidi ikianza ndani ya saa 8. Kwa hiyo usisubiri dalili: mpeleke hospitali, ukiwaambia alimeza nini, vingapi na saa ngapi.

Diklofenaki ndiyo inayonitia wasiwasi zaidi. Uingereza vidonge vyake haviuzwi tena bila cheti cha daktari tangu Januari 2015, kwa sababu ya hatari kwa moyo. Nyumbani inamezwa kama karanga. Na Dodoma kuna jua. Mtu anayeshinda kwenye zabibu Hombolo na maji kidogo, mwili umeshakauka, figo zinategemea kemikali ziitwazo prostaglandini ili mishipa yake ibaki wazi. Diklofenaki na ndugu yake ibuprofeni zinazuia kemikali hizo hizo, damu inapungua kwenye figo. Mzee wa presha anayetumia losartani (dawa ya kushusha presha) pamoja na dawa ya kukojoza, akiongeza diklofenaki, amezikaba figo kutoka pande tatu. Huyo aanze na parasetamoli. Mwenye vidonda vya tumbo vilevile, na mjamzito asiguse diklofenaki wala ibuprofeni mpaka aulize kliniki. Choo kikiwa cheusi kama lami, acha dawa uende hospitali siku hiyo hiyo.

Huku nako si peponi. Kodeini, dawa ya maumivu yenye uraibu, ikichanganywa na parasetamoli inauzwa famasi bila cheti, na ingawa pakiti inaonya isizidi siku tatu, wapo wanaonasa. Na supamaketi hakuna anayekuuliza kama una presha. Muuzaji wa duka la dawa muhimu kule nyumbani anakujua, anamjua na mama yako. Angeandika tu jina la dawa na miligramu kwenye kile kibahasha, tungekuwa tumefika mbali. Hajaandika? Mwombe aandike, au piga picha karatasi ya vidonge kabla hajakata.

Kwa watoto, aspirini isitumike kabisa chini ya miaka 16 bila daktari. Dawa ya maji ya parasetamoli mara nyingi ina miligramu 120 kwa mililita 5, lakini soma chupa kwanza. Kipimo cha mara moja ni miligramu 10 hadi 15 kwa kila kilo ya uzito wake, si zaidi ya mara nne kwa saa 24, hivyo kwa chupa ya miligramu 120, mtoto wa kilo 10 anapata mililita 4 hadi 6 kila mara. Vijiko vya nyumbani havilingani. Nunua bomba la mililita 5, tupa sindano, pimia hilo.