Mpira wa Jumamosi unaonekana Langoni, Leicester hauonekani

Watu wa nyumbani hawaniamini nikiwaambia hili, basi naliandika kabisa. Jumamosi saa tisa alasiri, saa ambayo mechi nyingi za ligi za Uingereza huanza, mtu aliyeko Uingereza haruhusiwi kuziona moja kwa moja kwenye televisheni yake. Awe na king'amuzi, awe amelipia kila kifurushi, hazipo. Kuanzia saa nane na dakika 45 hadi saa kumi na moja na robo ni marufuku kurusha mechi. Kakangu aliyeko Lamu ametoa vishilingi vyake mlangoni, amekaa benchi la mbele katika banda la mtaa wa Langoni, anaziona. Mimi niko Leicester, mji wa mabingwa wa 2016, na ndiye mimi ninayempigia simu kumwuliza ngapi ngapi.

Nafanya kazi katika nyumba ya wazee. Jumamosi mchana wale wapenda mpira husogezwa ukumbini, blanketi magotini, chai mkononi, televisheni inawashwa. Siku ya kwanza nilipokuwa zamu nilitazama kile kioo nisielewe. Wanaume wazima wamejipanga mezani wamevaa suti, kila mmoja anaangalia skrini yake ambayo sisi hatuioni. Mara huyu anashika kichwa, mara yule anaruka kitini na kupiga ukelele. Mmoja aliye pembeni yao, mwenye rundo la makaratasi, anawauliza kumetokea nini. Nikamwuliza mzee mmoja mpira wenyewe uko wapi. Akanijibu, bila kugeuka, "Ndio huo."

Yule mwenye makaratasi alikuwa Jeff Stelling. Alizaliwa 1955 Hartlepool, mji wa bandari kaskazini-mashariki mwa Uingereza. Akaanzia gazeti la mji wake, akapitia redio ya eneo hilo, akafika BBC, kisha Sky, televisheni ya kulipia, mwaka 1992. Kipindi cha Jumamosi alikishika 1994 na kukiachia 2023. Karibu miaka thelathini mtu anakula kwa kusimulia mpira ambao wasikilizaji wake hawauoni.

Na si sauti iliyonivuta. Sauti kwetu zimejaa hadi gatini, muulize yeyote aliyewahi kusikia mabaharia wakigombania abiria wa Mokowe, gati la upande wa bara. Kilichonivuta ni yale makaratasi. Mchezaji wa daraja la nne, ambaye hata jirani yake pengine hamjui, akitia bao, Stelling ana la kusema juu yake papo hapo: katoka timu gani, ukame wake ulikuwa wa muda gani, msimu uliopita alikuwa wapi. Alijulikana kwa kujiandaa siku kadhaa kabla ya kila Jumamosi. Na mizaha pia. Hartlepool kulikuwa na mshambuliaji aitwaye James Brown, kama yule mwimbaji wa Marekani, na akifunga, Stelling alikuwa akitoa mwanasesere wa kuimba na kumwasha mezani, mtangazaji mzima na mvi zake.

Hartlepool United ndiyo timu ya moyo wake, na ni timu ndogo. Tarehe 6 Mei 2017 ilishuka, ikatoka katika ligi iliyokuwamo kwa miaka 96. Siku hiyo yenyewe ilishinda 2-1, lakini Newport County walipata bao la dakika za mwisho kwenye uwanja mwingine, na bao hilo ndilo lililoizamisha Hartlepool. Stelling alikuwa hewani. Uso ulimporomoka na kila mtu alimwona, lakini kulikuwa na matokeo ya viwanja vingine, na wenye viwanja hivyo walikuwa wanasubiri. Akaendelea kuyasoma.

Sasa hiyo marufuku. Ni ya tangu miaka ya 1960. Bob Lord, mwenyekiti wa Burnley, aliwashawishi wenziwe kwamba mechi kubwa zikionyeshwa Jumamosi alasiri, watu watabaki majumbani na viwanja vya timu ndogo vitakuwa magofu. Wakakubaliana kuifunga ile saa. Hadi leo imefungwa, pamoja na fedha zote za televisheni zilizoingia tangu Ligi Kuu ianze 1992. Mimi nasema walifanya jambo la maana. Timu za madaraja ya chini huku zina watu wao, wenye skafu zao, wanaopigwa na mvua Jumamosi baada ya Jumamosi kutazama mpira ambao kwa kweli si mzuri.

Hapo ndipo hasira yangu inapoanzia. Mlango wao wameufunga ili viwanja vyao visikauke, halafu saa ile ile wakatuuzia sisi. Wakati wa kiangazi chao saa tisa ya huku ni saa kumi na moja ya Lamu. Timu zetu za mitaa huanza baada ya swala ya alasiri, kwenye saa kumi, maana kabla ya hapo mchanga unaunguza. Kwa hivyo mechi ikifika mapumziko, mechi nyingine inaanza bandani. Watu wanaanza kujikung'uta makalio mmoja mmoja. Kipindi cha pili kinapoanza waliobaki ni watoto, punda wawili watatu, na mama wa mabuyu ambaye naye anahesabu chenji ili aondoke. Nani anailinda saa kumi na moja ya Lamu? Sijasikia mwenyekiti wa chama chochote cha mpira wa Kenya akiuliza.

Ila ziko siku watu hawaondoki, na kakangu ndiye aliyenifungua macho. Ni siku anaposhika maikrofoni kijana mmoja wa mtaani kwetu. Sitamtaja jina, kwani hajaniruhusu, lakini wa Lamu mshamjua. Huyu ndiye huyo huyo anayezunguka na spika kutangaza harusi, mikutano ya chifu na watoto waliopotea. Spika huletwa uwanjani kwa punda, betri upande mmoja, spika upande wa pili, ili mizigo ilingane. Anasimama juu ya ukuta. Nimetumiwa vipande vya sauti yake kwenye simu nikavisikiliza ndani ya basi nikicheka peke yangu, hadi Mzungu wa kiti cha pili akahama.

"Kampita mmoja, kampita wa pili, wa tatu kamwacha anatafuta ndara zake! Beki, mwanangu, mamako yuko hapa ananiuliza umekula nini leo!" Na mama yuko kweli, nyuma ya ukuta na buibui lake. Mimi nilikulia darini kwetu nikisikia mpira wa bandani kupitia dirishani, kwa sababu msichana haingii mle, na najua maana ya sauti inayokuchukua hadi pale ulipozuiliwa kufika. Huku Uingereza kwenyewe mwanamke wa kwanza kutangaza mechi katika kipindi kikubwa cha BBC cha Jumamosi usiku, Jacqui Oatley, alipata nafasi hiyo 2007, na kelele zilizopigwa zilikuwa si haba. Basi tusiwasifu kupita kiasi.

Kijana wetu analipwa soda. Siku ya fainali anapewa na nauli ya punda. Hana karatasi hata moja, kila kitu kiko kichwani, na akikosea jina la mfungaji anazomewa wiki nzima. Namlinganisha na Chris Kamara, mchezaji wa zamani ambaye babake alikuwa mtu wa Sierra Leone na ambaye Stelling alikuwa akimwita hewani kutoka viwanjani. Mwaka 2010 kule Portsmouth mchezaji alitolewa kwa kadi nyekundu, Stelling akauliza habari zake, na Kamara aliyekuwa pale pale uwanjani alikuwa hajaona kitu. Uingereza nzima iliangua kicheko. Hakufukuzwa, akapendwa zaidi. Mwaka 2022 alieleza kwamba ana maradhi yanayomzuia kutamka maneno kama zamani, akaiacha kazi ya Sky, na watu walimfuata kwa upendo. Ulimi ndio uliokuwa mtaji wake. Wetu akikauka koo kesho, tutaazima spika kwa mwingine.

Wala si kwamba kwetu hawakuwapo mabingwa. Leonard Mambo Mbotela, mzaliwa wa Freretown, Mombasa, mwaka 1940, alitangaza mpira katika Sauti ya Kenya, na baadaye KBC, kwa namna ambayo babangu hakuisahau. Kisiwani redio ya betri ilikuwa inawekwa barazani na wanaume wanaizunguka kimya. Babangu alikuwa akisema Mbotela alimwonyesha Nairobi kabla hajapanda basi la kwenda Nairobi. Kazi hiyo ni ile ile ya Stelling, tena bila meza na bila skrini. Alipofariki Februari 2025 nilisoma rambirambi nyingi: "Je, Huu ni Ungwana?", kipindi kilichoingia hadi kwenye mazungumzo ya watu, na ile asubuhi ya tarehe 1 Agosti 1982 askari walipomlazimisha kutangaza redioni kwamba serikali imepinduliwa. Yote haki yake. Lakini mpira wake uligusiwa tu. Nilitafuta mtandaoni mechi moja nzima aliyoitangaza nimsikilizishe mwanangu, sikuipata. Za watangazaji wa huku wa miaka hiyo hiyo zinapatikana bila taabu, kisha mwanangu anaziiga jikoni kwa Kiingereza cha pua.

Msinielewe vibaya, huku nako si peponi. Leseni ya televisheni peke yake mwaka 2025 ilifika pauni 174.50, na hiyo ni ruhusa tu, mpira mkubwa unalipiwa pembeni. Wazee wangu ukumbini wakishangilia bao wanashangilia kila mtu na kikombe chake, hakuna anayemrukia mwenziwe. Bandani Langoni ukirukiwa na mtu usiyemjua ndiyo raha yenyewe. Sitaki tuige ukumbi wao. Nataka tuige mkoba wa malipo na yale makaratasi.

Maana fedha zipo. Kila uchaguzi ukikaribia timu zetu zinapata jezi mpya zenye picha ya mtu kifuani, tena jezi za timu mbili zenye sura moja, mpaka refa anachanganyikiwa. Wenye timu wakiambiwa watoe mia tano kila mechi kwa mtangazaji, wanasema anafanya kwa mapenzi yake. Na yeye golikipa anadaka kwa chuki? Mtu anayewazuia watazamaji mia wasikimbilie Arsenal amewafanyia kazi ambayo wenzetu waliihitajia amri ya kufunga televisheni za nchi nzima. Mlipeni. Mpeni orodha ya wachezaji siku moja kabla, si kumpigia kelele majina akiwa tayari juu ya ukuta. Na kijana mmoja akae karibu naye na simu arekodi kuanzia mwanzo hadi mwisho, maana sasa hivi tunavyo vipande vya nusu dakika tu, na nusu yake ni upepo.

Sisi wachache wa Lamu tulioko huku tumeshaanza mchango wa kununua maikrofoni yenye kizuizi cha upepo. Kakangu ataipokea. Zogo lililopo kwa sasa limeletwa na watu wa Faza, kisiwani Pate, wanaodai wa kwao anamshinda wetu kwa mbali na kwamba maikrofoni ianzie kwao. Nawaambia hadharani: tumeni sauti yake, mechi kamili, dakika 90, tusikilize. Vipande hatupokei.